Maji Meupe kwa Macho, Je, kwa Kipimo?
Somo kutoka kwa maisha ya Profesa Catherine Ngila, mkemia wa maji

Katika somo letu la leo tutaangalia maisha na kazi ya mwanamke Mkenya aliyeingia katika kemia wakati wanawake katika fani hiyo walikuwa wa kuhesabu, akafika mahali ambapo dunia nzima ilimtambua. Usiogope neno kemia. Hata mimi nililiogopa miaka mingi. Shuleni kemia niliisoma kwa kutetemeka, nikapata D, nikashukuru imeisha. Baadaye nilifanya diploma ya kazi za jamii nikajua mimi na kemia tumeachana. Kumbe wapi! Kemia ilikuwa inaningoja kisimani.

Tusome pole pole. Mwishoni kuna maswali ya kujadili katika vikundi.

KISA CHA KISIMA

Kati ya Msambweni na Diani kuna kijiji kimoja ambacho nimekitembelea kwa muda mrefu. Kikundi cha akina mama cha hapo kina kisima chao. Maji yake ni meupe, baridi, hayana harufu, yana chumvi kidogo tu ulimini, kama visima vingi vya kwetu pwani. Mimi mwenyewe ndiye niliyewafundisha: "Chemsheni maji, mtakuwa salama." Nililisema jambo hilo kila mkutano, na akina mama walilishika vizuri.

Siku moja walichanga pesa, maji yakapelekwa kupimwa. Karatasi iliporudi, tulikaa chini ya mwembe, wakanipa niwasomee.

"Haya mwalimu, tuambie. Namba hizi zasema nini?"

Nikasoma kutoka juu hadi chini, nikarudi tena juu. Ndugu msomaji, nisikudanganye, sikuelewa. Nilianza kutafuta maneno ya kujificha. Ndipo binti wa mmoja wao, mtoto wa Gredi ya 9 aliyekuja kumletea mamake funguo, akachungulia begani mwangu.

"Hapa, mwalimu," akasema. "Safu hii ni kile kilichopatikana. Hii nyingine ni kiwango kinachoruhusiwa. Zote ziko chini, ila hii moja. Nitrati imepita."

Mamake akauliza, "Kwani si twachemsha?"

"Kuchemsha kunaua vijidudu, mama. Hii si kijidudu."

Pale chini ya mwembe palinyamaza. Nami nilijua kwamba lile somo langu la miaka yote lilikuwa nusu somo. Na katika kundi lile kulikuwa na mama wawili waliokuwa wakiwakorogea watoto wachanga maziwa ya kopo kwa maji yale yale.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikiuliza na kusoma juu ya watu wanaopima maji. Ndivyo nilivyokutana na jina la Profesa Catherine Ngila.

NI NANI HUYU?

Jina lake kamili ni Jane Catherine Ngila. Ni Mkenya. Shahada yake ya kwanza ilikuwa ya ualimu wa sayansi, katika Chuo Kikuu cha Kenyatta. Yaani alianza kama wale walimu wetu wa sekondari wanaobeba chaki mkono mmoja na chupa ya maabara mkono wa pili. Hapo hapo Kenyatta akaendelea na shahada ya uzamili ya kemia. Kisha akavuka bahari hadi Australia, katika Chuo Kikuu cha New South Wales, akapata shahada ya udaktari wa falsafa katika kemia. Ilikuwa miaka ya 1990.

Kwa hivyo ukisikia anaitwa daktari, si yule wa sindano. Ni daktari wa elimu. Mgonjwa wake ni maji.

Alifundisha Kenyatta, kisha Chuo Kikuu cha Botswana, halafu Chuo Kikuu cha KwaZulu-Natal huko Afrika Kusini. Mwaka 2011 alijiunga na Chuo Kikuu cha Johannesburg, ambako alikuwa profesa na pia mkuu wa idara ya kemia tumizi, yaani kemia inayotumika kutatua shida za watu. Huko alilea wanafunzi wengi wa shahada za juu kutoka nchi mbalimbali za Afrika. Baadaye alirudi nyumbani akawa naibu makamu wa chansela katika Chuo Kikuu cha Riara, Nairobi. Pia alikaimu nafasi ya mkurugenzi mtendaji wa Akademia ya Sayansi ya Afrika, chama cha wanasayansi wa bara letu ambacho kilianzishwa mwaka 1985 na makao yake yako hapo hapo Nairobi.

Mwaka 2021 alipewa Tuzo ya Kimataifa ya L'Oréal-UNESCO kwa Wanawake katika Sayansi. Tuzo hii ilianza mwaka 1998. Kila mwaka huchaguliwa wanawake watano, kila mmoja kutoka sehemu yake ya dunia, na kila mmoja hupewa euro 100,000. Yeye alichaguliwa kwa upande wa Afrika na nchi za Kiarabu. Sababu iliyotolewa ni kwamba alianzisha, akaendeleza na kutumia njia za kupima uchafu katika maji kwa kutumia teknolojia ya nano.

Ili tujue uzito wa jambo hili, tuangalie pia upande wa dunia. Tuzo ya Nobel ya kemia ilianza kutolewa mwaka 1901. Marie Curie aliipata mwaka 1911, wa kwanza kati ya wanawake. Mpaka kufika mwaka 2025, wanawake walioipata ni wanane tu, na hakuna hata mmoja aliyetoka Afrika kusini mwa Sahara. Basi mwanamke wa Kenya akisimama katika kemia mbele ya dunia, si jambo la kupita hivi hivi.

KAZI YAKE: KUONA KISICHOONEKANA

Hebu sasa tuingie jikoni mwa kazi yenyewe.

Shida ya kwanza ya mkemia wa maji ni kwamba sumu nyingi hazionekani. Chukua madini ya risasi. Sisemi risasi ya bunduki, nasema madini yenyewe, kama yale yaliyomo ndani ya betri ya gari. Shirika la Afya Duniani linasema maji ya kunywa yasizidi mikrogramu 10 za risasi kwa lita moja. Hiyo ni kiasi gani? Chukua kijiko kimoja cha chai cha chumvi, kama gramu 5. Kigawanye katika mitungi 25,000 ya lita 20, ukoroge sawasawa. Chumvi iliyo katika kila lita sasa ni mikrogramu 10. Ulimi hautaonja kitu. Jicho halitaona kitu. Lakini kama ingekuwa ni risasi, tayari tumefika kwenye mpaka, na mtoto mdogo ndiye angeumia zaidi, kwa sababu risasi huharibu ubongo unaokua.

Sasa mkemia anaionaje? Kuna jambo ambalo kila mpishi ameliona bila kujua kuwa ni kemia. Chumvi ikimwagika kwenye moto wa jiko, ule moto hugeuka rangi ya njano. Hiyo njano ni alama ya sodiamu iliyo ndani ya chumvi. Kila madini yakipata joto kali hutoa mwanga wake, kama vile kila mtu ana sauti yake. Katika maabara, maji hupulizwa kama mvuke ndani ya joto kali sana, na mashine husoma ule mwanga: hii ni risasi, hii ni kadimiamu, hii ni shaba, na kila moja ni kiasi hiki.

Lakini sumu ikiwa kidogo mno, hata mashine inaweza kupitwa. Hapa ndipo panapoingia ufundi wa watu kama Profesa Ngila. Fikiria mvuvi. Hawezi kuhesabu samaki wa bahari nzima, lakini akitupa wavu na kuvuta, samaki waliotawanyika hukusanyika mahali pamoja. Mkemia naye hupitisha maji mengi katika kitu kinachonasa madini. Kisha huyaondoa yale madini kwa maji kidogo yenye asidi, na hayo machache ndiyo huingia kwenye mashine. Sumu iliyokuwa imejificha katika maji mengi sasa imekusanywa katika kikombe kidogo.

Wavu huo unatengenezwa na nini? Profesa Ngila na wenzake walifanya utafiti wakitumia selulosi, ile nyuzi nyuzi iliyo katika mimea yote: pamba, mbao, makuti. Wakaibadilisha kwa kemia ili iwe na mikono ya kushika risasi na kadimiamu ndani ya maji. Mali ghafi ya mimea, ambayo kwetu haikosekani, ikawa chombo cha kusafisha na cha kupima.

Na hilo neno nano? Kata milimita moja vipande milioni moja. Kipande kimoja ni nanomita. Kwa nini wahangaike na vitu vidogo namna hiyo? Mama wa pwani anajua jibu. Ukitumbukiza nusu ya nazi katika maji, hupati tui. Lakini ukiikuna, ile nazi moja inakuwa chembe elfu, maji yanagusa kila upande, na tui linatoka. Ni nazi ile ile, uzito ule ule, ila sasa ina uso mkubwa wa kuguswa. Nyuzi za nano ni nazi iliyokunwa mno: gramu chache tu, lakini sehemu ya kunasia sumu ni kubwa ajabu.

KWA NINI HAYA YANATUHUSU SISI WA PWANI?

Pengine utasema, haya ni ya maprofesa. Sivyo. Tuangalie mambo matatu.

Kwanza, udongo wetu. Sehemu kubwa ya ukanda wa Tiwi, Diani hadi Msambweni imekaa juu ya mawe ya matumbawe. Jiwe hili lina matundu na nyufa, na maji hupita ndani yake haraka bila kuchujwa vizuri. Wataalamu wengi hushauri choo cha shimo kisiwe chini ya mita 30 kutoka kisimani, na penye mwamba wenye nyufa umbali uwe zaidi. Lakini viwanja vimekuwa vidogo, watu wamekuwa wengi, na choo cha jirani kiko nyuma ya kisima changu. Nitrati hutoka hapo: vyooni, kwenye samadi, na kwenye mbolea ya dukani. Kiwango cha Shirika la Afya Duniani ni miligramu 50 kwa lita. Ikizidi, hatari kubwa ni kwa mtoto mchanga anayekorogewa maziwa ya kopo, kwa maana damu yake inaweza kushindwa kubeba hewa, na ngozi ikageuka rangi ya buluu. Na ukichemsha, nitrati haiondoki. Maji yanapungua kwa mvuke, yenyewe inabaki, kwa hiyo inazidi kidogo.

Pili, majirani zetu wa Mombasa. Katika mtaa wa Owino Uhuru palikuwa na kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu. Mama mmoja, Phyllis Omido, aliyekuwa akifanya kazi hapo, mtoto wake aliugua. Vipimo vya damu vikaonyesha risasi. Angeweza kulia tu nyumbani kwake, lakini aliitisha vipimo kwa watoto wengine, akasimama na wanakijiji, na kiwanda kikafungwa. Mwaka 2015 alipewa Tuzo ya Mazingira ya Goldman. Mwaka 2020 mahakama ya mazingira na ardhi ya Mombasa iliamuru wanakijiji walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.3. Kesi ilikatiwa rufaa, na mwaka 2024 Mahakama ya Juu ikairudisha hukumu hiyo. Angalia vizuri: kilichosimama mahakamani si machozi peke yake. Kilichosimama ni namba. Bila mtu wa kupima, yule mama angeambiwa mtoto wake ana homa tu.

Tatu, sisi wenyewe tuna historia. Miaka ya 1980, Kwale ilijulikana kwa mradi wa maji uliosaidiwa na Sweden na kuhamasishwa na shirika la KWAHO. Pampu ya mkono ya Afridev, ambayo leo iko katika nchi nyingi za Afrika, ilijaribiwa hapa kwetu. Ilitengenezwa iwe rahisi, watu wa kijijini waweze kuifungua na kuirekebisha kwa vifaa vichache. Akina mama wa Kwale walijifunza kazi hiyo wakati wengi walisema spana ni ya wanaume. Wakachagua kamati, wakashika hesabu, wakashika spana. Basi kama bibi zetu waliweza kuijua pampu, sisi tutashindwaje kuyajua maji yanayotoka ndani yake?

YALE TUNAYOJIFUNZA

1. Maji kuwa meupe si ushahidi kwamba ni salama. Macho ni mazuri, lakini yana mwisho.

2. Kuchemsha au kutia dawa ya klorini ni lazima kuendelee, kwa sababu vijidudu vya kipindupindu na kuhara vipo na vinaua upesi. Lakini tujue kwamba kuchemsha hakuondoi chumvi, nitrati wala risasi. Dawa ya shida hizo ni kuzuia uchafu usiingie, kubadilisha chanzo cha maji, au kutumia chujio maalumu.

3. Maji yapimwe, si mara moja tu kisima kinapochimbwa. Muulizeni afisa wa afya ya umma wa eneo lenu jinsi ya kuchukua sampuli. Ofisi ya Mkemia wa Serikali nayo ina maabara Mombasa. Kikundi kikichanga, gharama haimlemei mtu mmoja.

4. Karatasi ya majibu ni mali ya wanaokunywa maji hayo. Ulizeni mpaka muelewe. Angalieni safu mbili tu: kilichopatikana na kinachoruhusiwa. Asiyeelewa aseme, hata akiwa ni mwalimu. Mimi nilichelewa kusema.

5. Mtaalamu hutengenezwa. Profesa Ngila alipita hatua kwa hatua: mwalimu wa sayansi, mwanafunzi tena, mhadhiri, mtafiti, profesa. Hakuna hatua hata moja hapo ambayo mtoto wa Kwale amekatazwa kuipita, ila akikatazwa na watu wa nyumbani kwake.

NA YULE BINTI?

Najua utaniuliza. Akina mama waliacha siku ile ile kuwakorogea watoto maziwa kwa maji ya kisima kile, wakawa wanachota ya pampu ya kijiji cha pili ambayo ilishapimwa. Ni mwendo, lakini wanaenda kwa zamu. Choo kilichokuwa karibu kimefukiwa na kipya kimechimbwa mbali, upande wa mteremko. Nitrati haiondoki kwa siku moja, kwa hiyo wanachanga tena kwa kipimo cha pili. Safari hii hawatamngoja mwalimu awasomee.

Yule binti, mwaka huo huo, alikuwa achague mkondo wa kusomea baada ya Gredi ya 9. Alitaka mkondo wa sayansi. Mjomba wake, ambaye ndiye husaidia karo, akasema, "Kemia itakusaidia nini? Chagua masomo mepesi, umalize, uolewe." Mjomba si mtu mbaya. Anaogopa kupoteza pesa kwa kitu asichokijua, kama mimi nilivyoiogopa ile karatasi.

Nilienda kumwona. Sikumhubiria. Nilimuuliza tu, "Mjomba, siku ile ya karatasi, ni nani aliyewaokoa wale watoto wawili? Mimi mwenye diploma, au huyu?"

Akacheka, akasema, "Haya, mwalimu, nitafikiri." Mpaka naandika haya bado anafikiri. Lakini fomu imejazwa, na mamake ameweka sahihi.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KIKUNDI

1. Kisima au pampu tunayotumia ilipimwa lini mara ya mwisho? Karatasi ya majibu iko wapi, na ni nani aliyeisoma?

2. Pimeni kwa hatua umbali kutoka kisimani hadi choo kilicho karibu zaidi, pamoja na cha jirani. Mmepata nini?

3. Ni sumu gani zinazoweza kuingia katika maji yetu bila kuonekana? Fikirieni betri kuukuu, mbolea, dawa za shamba, na vyoo.

4. Kuna msichana gani kijijini kwetu anayependa sayansi? Ni nani anayemtia moyo, na ni nani anayemvunja?

5. Profesa Ngila alianza kama mwalimu wa sayansi. Walimu wa sayansi wa shule yetu wanahitaji nini ili watuletee mwingine kama yeye?

KAZI YA NYUMBANI: Usiku mmoja, ukiwa jikoni, nyunyiza chumvi kidogo pembeni mwa moto, ukae mbali, watoto wakitazama. Waonyeshe ule mwanga wa njano. Waambie, "Hiyo ni kemia, na kuna mama wa Kenya aliyeifanya kazi ya maisha yake." Halafu nyamaza, uwaache waulize.